Kilwa Kisiwani kwa siku moja: kibali, boti na hesabu ya maji

Kibali kinakatwa wapi? Kimoja kinatosha magofu yote? Nikitoka Lindi alfajiri, nitalala nyumbani? Maswali haya hurudi kila likizo ya shule inapokaribia. Mwongozo huu ni kwa anayekwenda Kilwa Kisiwani, kisiwa chenye magofu ya mji wa kale, mara ya kwanza, awe anatokea Lindi, Mtwara, Masasi au Dar es Salaam.

Tuanze na jibu la swali la pili, maana ndilo linalowachanganya wengi. Kisiwani hakuna dirisha la tiketi mlangoni mwa kila gofu. Unakata kibali kimoja Kilwa Masoko, upande wa bara, kabla hujapanda chombo, nacho kinakufungulia magofu ya kisiwa kile: Gereza (ngome ya kale), Msikiti Mkuu, msikiti mdogo wa kuba, Makutani, Husuni Kubwa na Husuni Ndogo. Boti hailipiwi humo. Mwongozaji naye ana malipo yake. Hesabu mafungu matatu tangu mwanzo, usije ukadhani umemaliza kulipa kumbe umelipa theluthi.

Jibu la swali la tatu: kwa basi, hapana. Panga kulala Masoko usiku wa kuamkia safari. Sababu zipo hatua ya kwanza.

Vitu vya kuwa navyo

- Kitambulisho cha kila mtu mzima (NIDA, pasi ya kusafiria, leseni au cha kazi). Wanafunzi waje na vya shule. Viwango vya Mtanzania na mgeni havilingani, na vya mtoto na mtu mzima vivyo hivyo. Usipothibitisha wewe ni nani, usitegemee kulipishwa kiwango cha chini.
- Simu yenye salio la kulipia serikali kwa mtandao, na chaji ya kutosha.
- Pesa taslimu za noti ndogo, elfu moja hadi elfu tano. Nahodha hana chenji ya elfu kumi saa moja asubuhi. Toa pesa Lindi, au Masoko siku ya kuamkia.
- Maji ya kunywa lita 2 kwa kila mtu, lita 3 kama ni miezi ya joto, Novemba hadi Machi.
- Chakula cha kubeba: chapati, mayai ya kuchemsha, ndizi, au ming'oko kama umepita sokoni. Kijijini kuna vitu vidogo vidogo, lakini usiende ukitegemea kukuta sahani ya wali inakungoja.
- Viatu vya mpira vinavyofungwa nyuma ya kisigino. Kandambili hunasa kwenye tope na mkanda hukatika, kisha unabaki unakanyaga chaza kwa nyayo tupu.
- Kofia au mtandio, na mfuko wa nailoni wa kufungia simu na vitambulisho.
- Nguo za stara. Kisiwani watu wanaishi, wanaswali na wana makaburi yao. Kinamama wachukue kanga ya ziada, kinababa suruali au msuli.

Hatua ya 1: Fika Masoko siku moja kabla

Mabasi mengi ya barabara kuu hayaingii Masoko. Unashukia Nangurukuru, njia panda, kisha unachukua gari dogo kwa kilomita thelathini na ushee za lami hadi Masoko. Kutoka Lindi hadi Nangurukuru tenga kama saa tatu. Kutoka Mtwara ongeza mwendo wa kufika Lindi, kilomita mia moja na kidogo. Mwambie konda "Nangurukuru" wakati wa kukata tiketi, siyo "Kilwa" tu. Kuna Kilwa Kivinje na kuna Kilwa Masoko, na anayeshushwa Kivinje kwa makosa hupoteza asubuhi nzima.

Kwa nini usiende na kurudi siku hiyo hiyo? Mabasi yanayoondoka Dar es Salaam alfajiri kuelekea Lindi na Mtwara hupita Nangurukuru kuanzia kabla ya adhuhuri. Wewe utakuwa bado uko magofuni. Ukirudi Masoko saa tisa na kufika njia panda saa kumi na nusu, mengi yameshapita. Mwenye gari binafsi kutoka Lindi mjini anaweza, lakini aondoke saa tisa za usiku na ajue atarudi gizani kwenye barabara yenye malori na mifugo.

Anayetokea Dar es Salaam aulizie hali ya barabara wakati wa mvua. Mei 2024, mvua za kimbunga Hidaya zilikata barabara eneo la Somanga na watu wakakwama siku kadhaa.

Hatua ya 2: Kata kibali mchana huo huo

Ofisi ipo Masoko, eneo la majengo ya serikali. Wazee wa mji bado wanaiita Mambo ya Kale, kwa sababu idara hiyo ndiyo iliyokuwa ikisimamia magofu. Siku hizi usimamizi uko chini ya TAWA, Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori. Ukitaja jina lolote kati ya hayo mawili, dereva wa bajaji atakufikisha.

Saa za kazi za serikali ni saa 1:30 asubuhi hadi 9:30 alasiri, Jumatatu hadi Ijumaa. Safari yako ikiwa Jumamosi au Jumapili, kata kibali Ijumaa, au mwombe mwenye nyumba ya wageni akuunganishe mapema na mhusika wa zamu.

Utaratibu wenyewe:

1. Toa vitambulisho, taja idadi ya watu, uraia wao na tarehe ya kwenda.
2. Utapewa kumbukumbu namba ya malipo ya serikali: tarakimu 12, zinazoanza na 99.
3. Lipa kwa simu, sehemu ya malipo ya serikali, au kwa wakala wa benki. Kabla ya kuweka namba ya siri, soma jina la taasisi inayolipwa. Ukikosea tarakimu moja, pesa yako inaweza kumlipia mtu mwingine deni lake.
4. Subiri stakabadhi, kisha chukua kibali. Hakikisha tarehe ni ya kesho na idadi ya watu ni sahihi.
5. Kipige picha kwa simu. Karatasi ikilowa baharini, picha itakusaidia kujieleza.

Uliza hapo hapo kibali kimeandikiwa eneo gani. Kisiwani na Songo Mnara viliandikwa pamoja kwenye Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 1981, na kwa hiyo watu hudhani karatasi moja inatosha kote. Visiwa hivi ni viwili tofauti, vina umbali kati yake, na Songo Mnara inataka siku yake. Ukivibana vyote katika siku moja kwa chombo cha tanga, hutaona hata kimoja vizuri.

Ofisini ndipo pa kupatia mwongozaji pia. Mchukue. Magofu yametawanyika porini, njia za ndani zinajifunga kwa majani wakati wa mvua, na bila mtu wa kukueleza, Makutani utaiona kama ukuta uliobomoka tu. Kubalianeni malipo na muda, na mwambie wazi tangu ofisini: "Husuni Kubwa lazima tufike."

Hatua ya 3: Piga hesabu ya maji

Hapa ndipo siku ya wageni wengi inapoharibikia, kwa hiyo soma taratibu.

Maji hujaa mara mbili na kupwa mara mbili kwa siku, na kila siku huchelewa kama dakika 50. Yakikupwa, boti nyingi hazifiki ufukweni. Unashuka maji yakiwa magotini, kisha unatembea kwenye mchanga na tope hadi nchi kavu. Kijana ataona mchezo. Bibi wa miaka sabini au mama mwenye mtoto mgongoni hataona hivyo.

Tarehe za mwezi mwandamo zinatosha kukupa makadirio:

- Tarehe 1 hadi 3, na 15 hadi 17, ni bamvua, yaani maji hujaa na kupwa kuliko siku nyingine. Maji yamejaa kabisa karibu saa kumi, alfajiri na jioni, na yamekauka kabisa karibu saa nne asubuhi.
- Tarehe 4 hadi 6, na 19 hadi 21: yamejaa kati ya saa kumi na mbili na saa mbili asubuhi, yamekupwa mchana wakati unaotaka kurudi.
- Tarehe 7 hadi 9, na 22 hadi 24, ni maji mafu. Hujaa karibu saa nne asubuhi, na tofauti ya kujaa na kupwa ni ndogo. Hizi ndizo siku tulivu kwa wazee na watoto.
- Tarehe 11 hadi 13, na 26 hadi 28: asubuhi maji yamekupwa, adhuhuri na baada yake yamejaa.

Watu hukimbia bamvua, lakini kwa mwenye miguu imara ni siku nzuri kuliko zote, ila awahi. Ukivuka saa moja asubuhi maji bado yapo. Kufikia saa tatu ufukwe umeachwa wazi, nao ndio njia fupi na ya kupendeza ya kwenda Husuni Kubwa. Ukimaliza saa nane, maji yameshaanza kurudi na boti inakusogelea. Ukichelewa ukavuka saa nne siku hiyo hiyo, utaanza ziara yako kwenye tope.

Makadirio haya yathibitishe kwa nahodha jioni ile. Muulize, "Nahodha, kesho maji yanakupwa saa ngapi?" Jibu lake ndilo la kufuata.

Upepo nao una hesabu yake. Wakati wa kusi, upepo wa kutoka kusini, kati ya Mei na Septemba hivi, asubuhi huwa shwari na mchana bahari huchafuka. Rudi bara kabla ya saa tisa.

Hatua ya 4: Panga chombo jioni, siyo asubuhi

Kivuko kati ya Masoko na Kisiwani ni kama kilomita 2. Boti ya mashine huchukua dakika 10 hadi 15. Ya tanga inategemea upepo: nusu saa, wakati mwingine zaidi.

Una njia mbili. Ya kwanza ni mashua ya abiria wanayotumia wanakijiji. Ni rahisi sana kwa bei, lakini huondoka ikijaa, na kurudi kwake hakufuati ratiba yako. Ya pili ni kukodi. Bei ya kukodi ni ya chombo kizima, kwa hiyo watu sita wanaumia kidogo kuliko wawili. Ukiwa peke yako, tafuta wenzako kwenye nyumba ya wageni jioni.

Kabla ya kukubali bei, nenda gatini ukakione chombo:

- Kuna jaketi la uokozi kwa kila mtu, pamoja na watoto? Hesabu kwa macho yako.
- Kuna upo (kata ya kuchotea) wa kutolea ngama, yaani maji yanayoingia ndani ya chombo? Maji yaliyotuama chombo kikiwa kimepumzika yanakwambia kiasi kinachovuja.
- Boti ya mashine: kuna makasia au tanga la akiba?
- Bei ni ya kwenda na kurudi, na nahodha atakungoja hadi saa ngapi?

Lipa nusu ya kwenda, nusu mkirudi Masoko. Usilipe yote ufukweni asubuhi, hata kama nahodha ni mtu mwema. Akipata abiria wengine, wewe utabaki unapunga mkono Gerezani.

Hatua ya 5: Anza mbali, malizia karibu

Wageni wengi huanza na Gereza kwa sababu ndilo la kwanza kuonekana, hupiga picha saa nzima, huingia Msikiti Mkuu, jua linakuwa kali, halafu wanaulizwa kama watembee hadi Husuni Kubwa. Wanakataa. Wanarudi bara bila kuliona jumba ambalo lingetosha peke yake kuwa sababu ya safari. Geuza mpangilio.

*Husuni Kubwa na Husuni Ndogo, muda wa saa mbili.* Ni kilomita 1.5 hivi kutoka Gereza, upande wa mashariki. Maji yakikupwa pita ufukweni. Yakijaa pita njia ya ndani, ndefu kidogo. Usiingie njia ya ufukweni wakati maji yanapanda, yatakuzuia kurudi.

Jumba lilijengwa mwanzoni mwa karne ya 14 chini ya Sultani al-Hasan ibn Sulaiman, juu ya jabali linalotazama bahari, na lina vyumba zaidi ya 100. Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331, katika utawala wake. Tafuta birika la kuogelea la pembe nane, kisha nyua zilizopangwa moja baada ya nyingine, kisha simama ukingoni uone jinsi kila chombo kilichoingia bandarini kilivyoonekana kutoka hapo. Dhahabu ya Sofala, bandari iliyopo Msumbiji ya leo, ilipita mbele ya macho haya. Husuni Ndogo ipo jirani: boma la mstatili lenye kuta nene. Dakika 15 zinaitosha.

Kunyweni maji hapo, mle, mpumzike kivulini.

*Msikiti Mkuu, dakika 40.* Ingia upande wa kaskazini kwanza. Hiyo ndiyo sehemu ya kale, ndogo na ya wastani. Kisha nenda kusini, kwenye upanuzi uliofanywa baadaye, wenye nguzo za pembe nane, matao na kuba. Simama katikati ya nguzo, ugeuke pole pole. Mwombe mwongozaji akuonyeshe tumbawe lililochongwa. Likitolewa baharini huwa laini kiasi cha kukatwa, likikaa hewani hukakamaa, na ndiyo maana nakshi zake bado zinasomeka.

*Msikiti mdogo wa kuba, dakika 15.* Upo nyuma yake, kusini magharibi, na ndio uliosalimika vizuri kuliko majengo mengine. Mchana ndani yake kuna ubaridi.

*Makutani, dakika 20.* Boma kubwa lenye kuta ndefu, waliloishi masultani wa baadaye. Kuna uwanja wa majani na mandhari ya maji.

*Gereza, dakika 20.* Malizia hapa ukingoja boti. Wareno walijenga ngome mwaka 1505 walipoiteka Kilwa, wakaiacha 1512. Jengo unaloliona ni la Waarabu wa Oman, lililojengwa juu ya mahali pale pale. Tazama mikoko na kingo upande wa bahari: mawimbi yalikuwa yakiyala magofu, na hali yake iliiweka Kilwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini tangu 2004 hadi ilipoondolewa 2014. Usiikanyage miche ya mikoko ukitafuta pembe nzuri ya picha.

Makosa yanayojirudia

Kupanda juu ya kuta. Chokaa ya miaka mia saba haikupi onyo, jiwe linachomoka na wewe juu yake. Watoto washikwe mkono, hasa Husuni Kubwa penye ukingo wa jabali.

Kuokota vigae vya vyungu, shanga au sarafu. Vimejaa chini, na ni rahisi kudhani kimoja si kitu. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inakataza kuviondoa, na kigae kikitoka mahali pake hakimwambii tena mtafiti chochote. Kione, kipige picha, kiache.

Kupiga picha watu bila kuuliza. Toa shikamoo kwanza, jieleze, kisha omba. Makaburini uliza kabla ya kuingia, na vua viatu ukiambiwa.

Mambo yakienda kombo

*Malipo hayapiti.* Usirudie mara tatu mfululizo. Angalia ujumbe kwanza, maana huenda yamepita na stakabadhi imechelewa. Yakigoma kweli, nenda kwa wakala wa benki na namba ile ile.

*Nahodha anasema upepo ni mkali.* Msikilize. Usitafute mwingine atakayekubali. Omba ofisini wakubadilishie tarehe, na siku hiyo nenda Kilwa Kivinje kwa gari, ukaone majengo ya wakati wa Wajerumani.

*Umeachwa na maji kisiwani.* Kaa kivulini kijijini. Kama yalikuwa yamekupwa kabisa, baada ya saa mbili au tatu boti itaweza kusogea. Usikubali kubebwa mgongoni kwenye tope ukiwa na mtoto mkononi.

*Mtu ameishiwa nguvu kwa jua.* Kichwa kikiuma na jasho likikauka, mweke kivulini, mlowanishe shingo na kwapa, mpe maji kidogo kidogo. Ziara imekwisha kwake. Anayechanganyikiwa au kuzimia avushwe Masoko akatibiwe mara moja.

*Mwongozaji ana haraka.* Mkumbushe muda mliokubaliana ofisini, kwa upole. Mara nyingi anakimbizana na maji, si na wewe, kwa hiyo muulize kwanza maji yamefika wapi.

*Boti haijaonekana saa mliyoagana.* Mpigie nahodha, ambaye namba yake uliiandika jana jioni. Asipopatikana, ulizia kijijini mashua ya abiria inayorudi Masoko, na ile nusu ya malipo iliyobaki mfukoni ndiyo itakayolipa nauli.